Amri Iliyokaa Matangani Siku Tatu

Nilikuwa kwenye foleni ya mashine ya kusaga, debe langu la mahindi likiwa la nne kutoka mlangoni, simu ilipoita. Alikuwa binti mkubwa wa mzee mmoja wa kazini zamani. Aliniamkia kwanza, akaniuliza habari za nyumbani, za watoto, za mvua, na mimi nikajibu zote, na katikati ya kujibu nikajua. Mtu wa kwetu akiwa na habari njema huanza nayo. Akasema baba yake amefariki alfajiri hospitalini Haydom, alikopelekwa kwa basi siku tano kabla, na kwamba wanamrudisha kijijini Daudi kumzika kwao. Nikamshukuru kwa kunipigia. Mashine ilikuwa bado inanguruma, unga unaelea hewani, watu wote mle ndani nyusi zimekuwa nyeupe, na kwa muda nikawaona kama watu walio mbali sana, ng'ambo ya ukungu, wanaofanya kazi ambayo haina sauti. Zamu yangu ilipofika mwenye mashine aliniita mara mbili.

Ninyi mnaosoma safu hii kila wiki hamjawahi kumkuta humu. Hakuwa ndugu yangu, wala siwezi kujidai kwamba alikuwa rafiki. Tulifanya kazi shamba moja la ngano, huku chini ya mlima Hanang, upande wa kuelekea Gendabi. Mimi nilikuwa karani wa mizani ghalani, elimu yangu ikiwa ya darasa la saba na kozi moja ya miezi mitatu. Yeye alikuwa tarishi wa ofisi. Kazi yake ilikuwa kubeba barua, bahasha, funguo na maneno kutoka kwa meneja kwenda kwa watu, na kutoka kwa watu kwenda kwa meneja, na alikuwa akiifanya kwa miguu, kwa mwendo wa mtu anayefuata ng'ombe waliokwisha kushiba. Alikuwa na koti la kaki lenye mfuko wa ndani alioushona mwenyewe, mrefu kiasi cha kumeza bahasha kubwa bila kuikunja. Barua iliyoingia mle ilikuwa salama. Tulikuwa tukisema kwamba hata mvua humuomba ruhusa.

Alikuwa na desturi moja ambayo makarani wa ofisini waliicheka. Hakukabidhi barua mpaka amalize salamu, na hakumkabidhi mtu barua mbaya kabla mtu huyo hajala. Nakumbuka siku alipoleta barua za kupunguzwa kazi. Tulikuwa watu wengi, familia ishirini, tunaokaa kwenye nyumba za shamba, nyumba za tofali na bati zilizopangwa mistari miwili kama madawati. Wenye shamba, ambao sisi hatukuwahi kuwaona, walikuwa wameamua kwamba kazi zetu zimekwisha na nyumba wanazihitaji. Kila mmoja alijua kilichomo ndani ya lile koti. Yeye akaanza mlango wa kwanza, akasalimia, akauliza kama wamekula, wakasema ndiyo, akatoa bahasha. Mlango wa pili vivyo hivyo. Alipofika kwa mama mmoja aliyekuwa mpanga magunia ghalani, mwanamke mwenye mdomo mwepesi kuliko sisi sote, mama yule akamwambia hawajala, na kwamba leo ugali wake hautaiva, kwa hiyo aketi hapo hapo na bahasha yake mpaka Pasaka. Tarishi akaketi kweli. Akakaa kwenye kigoda zaidi ya saa nzima, anaangalia moto, mpaka mama mwenyewe akachoka kumtazama, akasonga ugali, akampakulia na yeye. Walipomaliza kunawa akampa bahasha. Mama akaipokea akisema, "Mjumbe hauawi, lakini sijasikia popote kwamba hachekwi." Wakacheka wote wawili. Kisha yule mama akaingia ndani na hakutoka tena siku ile.

Barua zile tulizipeleka mahakamani. Kulikuwa na wakili kijana mjini Babati aliyekubali kutusimamia, na hoja yake ilikuwa rahisi hata mimi niliielewa: hatukuitwa, hatukusikilizwa, utaratibu haukufuatwa. Kesi ya msingi ingechukua muda, akasema, kwa hiyo aliomba kwanza amri ya muda. Jaji akaitoa siku ya Jumatatu. Ilisema kwamba mpaka kesi isikilizwe, asiondolewe mtu kwenye nyumba, na kila kitu kibaki kama kilivyo. Wakili akatupigia simu, nasi tukasimama uwanjani katikati ya ile mistari miwili, tukipeana mikono. Wakati huo mke wangu alikuwa na mtoto mchanga wa miezi miwili, na nakumbuka nilimwambia kwamba sasa tunaweza kununua mbegu za maharage, kwa maana mtu hununua mbegu pale anapojua atalala wapi.

Siku ya Jumanne mpeleka nyaraka wa mahakama aliileta amri ofisini. Meneja hakuwepo. Mtoto wake wa kike, mwanafunzi wa darasa la tano, alikuwa amefariki ghafla mwishoni mwa wiki, na meneja alikuwa kwao Daudi, kule juu milimani Mbulu, kwa ajili ya mazishi. Tarishi akaweka sahihi kwenye daftari kwamba bahasha imepokelewa, karani wa ofisi akampa nauli, na Jumatano asubuhi akapanda basi aipeleke mkononi mwa mwenyewe. Naye pia kwao kulikuwa Daudi, nyumba chache tu kutoka kwa meneja, kwa hiyo hapakuwa na mtu mwingine wa kutumwa.

Alhamisi yake wakaja watu wenye ngazi na nyundo. Nyapara wa shamba alikuwa ameachiwa maagizo na meneja kabla ya msiba: wiki hii ziezuliwe nyumba, bati zipelekwe stoo. Tukamwambia kuna amri ya mahakama. Akasema ailete aliyeitoa. Tukampigia wakili, naye akasema karatasi yenye muhuri imekwisha kufika ofisini, na kwamba yeye kuisoma kwenye simu hakutamzuia nyapara. Nyapara mwenyewe, na nimtendee haki leo, alijaribu kumpigia meneja mara nyingi mbele yetu, na simu ilikuwa imezimwa. Basi wakapanda. Sauti ya msumari wa bati unapong'olewa ni kama ya mnyama mdogo anayelia, na siku ile ililia kutoka asubuhi mpaka jioni, na kesho yake tena. Nyumba kumi na moja ziliezuliwa. Yangu ilikuwa ya tatu. Jioni ya Ijumaa ikanyesha, mvua ndogo ya baridi inayoteremka kutoka mlimani bila radi, na mimi nilikaa ndani ya kuta nne nikiangalia mawingu yakipita taratibu juu ya kitanda changu. Kilikuwa kitu cha ajabu. Ukiondoa hasira, karibu kilikuwa kizuri: chumba chenye picha ukutani, kalenda, saa, na juu yake anga lote. Mtoto alianza kukohoa Jumamosi. Tulimpeleka Haydom, akalazwa, akapona. Leo yuko shule. Lakini wakati ule sikujua kwamba atapona, na ninyi mnisome nikiwa mtu ambaye hakujua.

Meneja alirudi Jumatatu. Siku hiyo hiyo kazi ya kuezua ikasimama na nyumba tisa zikabaki na bati zake. Sisi tulisema amesimamisha kwa sababu ameogopa. Wakili akafungua maombi mengine, kwamba meneja amedharau amri ya mahakama, aitwe aeleze kwa nini asifungwe. Kwa maombi hayo ilihitajika hati ya kiapo, na wenzangu wakanichagua mimi niape kwa sababu nilikuwa naandika vizuri. Aya ya saba ya kiapo changu ilisema kwamba meneja aliipokea amri Jumatano mikononi mwake, akiwa Daudi, na akaipuuza kwa makusudi. Wakili aliniuliza kama nina uhakika na aya hiyo. Nikasema ninao. Nilikuwa nimeona sahihi kwenye daftari, nilikuwa nimemwona tarishi akipanda basi na koti lake, na katika miaka yote sikuwahi kusikia kwamba barua ilitoka kwake ikapotea. Hayo ndiyo niliyokuwa nayo. Mengine niliyajaza kwa bati zangu na kikohozi cha mwanangu. Nikatia sahihi.

Meneja naye akaapa. Akasema hakuiona amri mpaka Jumatatu aliporudi ofisini. Tulicheka tuliposomewa. Wakili wetu akasema dawa ya uongo huo ni shahidi mmoja tu, tarishi mwenyewe, na akamwita upande wetu. Wazee wawili wa nyumba zile za shamba walikwenda kumwona kabla ya siku ya shauri. Hawakumwomba aseme uongo, nataka hilo lieleweke. Walimwomba tu asiogope kazi yake, aseme wazi kwamba alifika Daudi na bahasha. Alijibu kwamba atasema alichokifanya. Walirudi wamefurahi. Tulipanda basi moja kwenda Babati, yeye amekaa kiti cha mbele yangu, na njia nzima nilikuwa nikitazama ukosi wa lile koti nikiona ndani yake kifungo cha jela cha meneja.

Jaji alikuwa mwanamke, wa umri wa kuweza kuwa binti wa kwanza wa tarishi. Tarishi aliposimama kizimbani alinyamaza. Karani wa mahakama akamnong'oneza amsalimie Mheshimiwa. Naye, kwa sauti ambayo ukumbi wote uliisikia, akasema, "Namngoja yeye. Mimi ni mkubwa kwake." Wakili wa meneja akainamisha kichwa kuficha meno. Jaji akavua miwani, akamtazama, akasema, "Shikamoo, mzee." Akajibu, "Marahaba, mama," na baada ya hapo akaapa na akawa tayari kwa lolote. Sijaona tena mahakama ikiwa tulivu vile.

Wakili wetu akamuuliza kama alipokea amri ofisini. Akasema alipokea. Kama alipanda basi. Alipanda. Kama alifika kwa meneja na kumkuta. Alifika, alimkuta. Maswali yalikuwa yakiteremka kama mtu anayeshuka ngazi anazozijua, na mimi nilikuwa nimeshikilia benchi kwa mikono miwili.

"Ukamkabidhi amri."

"Hapana."

Wakili akadhani hakusikika. Akarudia, akimkumbusha kwamba amekwisha kusema alimkuta.

"Nilimkuta amefiwa na mtoto," tarishi akasema. "Sikumkabidhi."

Hapa inabidi niwaeleze ninyi wa mbali. Zamani huko milimani mzazi aliyefiwa na mtoto alikaa kando na watu kwa muda mrefu. Hakuchangia chombo na wengine, hakwenda kwa jirani, na shauri la ugomvi halikuingia nyumbani kwake mpaka muda wake uishe. Leo wengi ni Wakristo, tunazika kwa nyimbo za kanisani na siku ya tatu mtu anaweza kurudi shambani, na ukiwauliza vijana watakwambia miiko hiyo ilikwisha na babu zao. Ilikwisha mdomoni. Mikono ya watu wa umri wa tarishi ilikuwa bado inaikumbuka.

Jaji mwenyewe ndiye aliyemwomba aeleze, kwa lugha yake, asiharakishwe. Akaeleza. Alifika Daudi mchana wa Jumatano, ukungu umeshuka mpaka kwenye mashamba ya vitunguu saumu, akawakuta waombolezaji wamekaa. Akakaa nao. Alikuwa amekusudia kumwita meneja pembeni. Lakini meneja alikuwa mlangoni, ameketi chini, anatazama viatu vya shule vya yule mtoto. Mtu alikuwa ameviosha kabla ya msiba na kuvitundika uani vikauke, na hakuna aliyethubutu kuvitoa. Tarishi akasema moyoni, kesho. Alhamisi meneja alikuwa pale pale na viatu vilikuwa pale pale, na umande juu yake. Akasema, kesho. Ijumaa akaona aondoke, maana mtu anayekaa matangani na kesi kifuani anawaibia waliofiwa machozi yao. Jumamosi akapanda basi kurudi, bahasha ikiwa haijafunguliwa. Jumatatu asubuhi meneja alipoingia ofisini na kupokea salamu yake, akampa.

"Siku zote hizo amri ya mahakama ilikuwa wapi?" jaji akauliza.

"Hapa." Akagusa kifua. "Nilikaa nayo msibani."

"Unajua kilichotokea huku siku hizo?"

"Nilirudi nikakuta nyumba hazina bati. Ningempa Jumatano, angepiga simu, zisingeng'olewa. Kuna mtoto alilazwa." Akageuka, akanitafuta kwenye mabenchi, akaniona. "Hilo ni langu. Si la meneja."

Wakili wa meneja hakuwa na swali hata moja. Jaji akaandika kwa muda mrefu. Halafu akafungua faili, akaniita mimi nisimame nilipo, akanisomea aya yangu ya saba, akaniuliza kama meneja kupokea amri Jumatano nililiona kwa macho yangu. Ningeweza kusema nililisikia kwa mtu, kwamba wakili ndiye aliyeandika. Nilikuwa nimeanza kuyapanga maneno hayo. Lakini yule mzee alikuwa bado amesimama kizimbani, ameshusha mikono, amekwisha kuwa maskini mbele ya kila mtu kwa hiari yake, na sikuweza. Nikasema sikuona. Jaji akaniambia kiapo si mahali pa kudhani, na kwamba mtu angeweza kulala jela kwa aya ile. Nikaketi, na masikio yangu yalikuwa kama yamejaa maji.

Uamuzi ulikuja siku nyingine. Meneja hakuwa na hatia ya kuidharau amri asiyoijua, na tangu alipoijua aliifuata. Lakini kwa kuwa amri ilitaka vitu vibaki kama vilivyokuwa siku ilipotolewa, bati zirudishwe ndani ya siku saba, zote kumi na moja. Zilirudishwa. Mafundi walikuwa wale wale, nyundo zile zile, na tarishi alikuja kila jioni baada ya kazi kuwashikia ngazi. Hakuna aliyemshukuru. Kesi ya msingi ilikwisha kwa mapatano baadaye, tukalipwa haki zetu, tukahama kila mtu na njia yake, na huo si mkasa wa leo.

Mkasa wa leo ni jinsi tulivyomtenda. Wenzangu walisema ametuuza. Walisema meneja ni mtu wa kwao, wa Daudi, damu nzito. Mtu akapata jina la kumwita, "Koti", na watoto wakalichukua, akipita wanakohoa kama mwanangu alivyokohoa. Yule mama wa ugali ndiye pekee aliyemwita aketi, akamwambia, kama nilivyosimuliwa, "Wewe baba, hata shetani akifiwa utamchukulia zamu." Tarishi alicheka, wanasema, kwa mara ya kwanza baada ya wiki nyingi. Mimi sikumwita. Nilimsalimia kwa shikamoo kwa sababu mdomo wangu ulifunzwa hivyo, na sikusimama kungoja zaidi ya marahaba. Nilikuwa nimejiambia kwamba ninamkasirikia kwa ajili ya mtoto. Ilinichukua muda kujua kwamba nilikuwa namkimbia kwa ajili ya aya ya saba. Mtu aliyekuokoa usifunge mtu asiye na hatia amekuona ukiwa karibu kufanya hivyo, na ni vigumu kunywa chai na macho ya namna hiyo.

Na meneja? Watu walitegemea atampandisha cheo. Alimwita ofisini mwezi ulipokwisha. Nayajua haya kwa karani wa ofisi, aliyekuwa meza ya pili. Meneja alisimama, akampa mkono, akaushika muda mrefu, akamwambia, "Mzee, ulichonifanyia msibani sitakisahau mpaka nife. Lakini barua sitakupa tena." Tarishi akafikiri, akasema, "Ni haki." Akatoa funguo za sanduku la barua, akaziweka mezani. Kesho yake akaanza kazi ya bustani ya ofisi, kazi ndogo kuliko ile, na huko ndiko alikomalizia miaka yake kabla ya kurudi milimani. Nimelitafakari neno lake hilo zaidi ya mahubiri mengi. Alijua alifanya jambo la utu, na alijua kazi ya tarishi ni kufikisha. Hakuomba moja limfutie lingine.

Siku hizi amri ya namna ile ingepigwa picha na kutumwa kwa simu. Ingefika Daudi kabla basi halijatoka stendi, ingelia ndani ya mfuko wa mtu anayetazama viatu vya mwanawe. Na bati zangu zingebaki juu. Mimi ni baba, siwezi kuwadanganya kwamba nisingependa hivyo. Nikikumbuka kile kikohozi, nasema simu na iwe imewaka, mahakama na ifike popote, hata kaburini. Halafu nikilala naota benchi la waombolezaji kule Daudi. Kwa miaka yote hii nimeliota, mahali nisipopajua: ukungu, watu wasiosema, na mzee mmoja katikati yao amekaa wima, kama mtu aliyebeba maji. Katika ndoto wakati mwingine anaitoa bahasha. Wakati mwingine nampigia kelele aitoe, na wakati mwingine namwomba asiitoe, na nikiamka sikumbuki nilikuwa upande gani.

Nilikwenda kumzika. Daudi haifanani na ndoto yangu; kulikuwa na jua, shayiri imesimama kijani, na watoto wanateleza kwenye majani kwa magunia. Meneja wa zamani alikuwepo, nywele nyeupe zote, ameketi na wanafamilia. Baada ya mazishi msemaji wa ukoo akauliza kama kuna aliyefanya kazi na marehemu atoe neno fupi. Macho yakanijia kwa kuwa mimi huandika. Nilikuwa nimeandaa maneno ya mtu mwaminifu, mchapakazi, mpole. Nikasimama, na badala ya hayo nikajikuta nasema kwamba mimi niliapa mahakamani jambo ambalo sikuliona, ambalo lingemfunga mtu aliyeketi pale mbele yetu, wakati ule akiwa na msiba, na kwamba marehemu alitoa ukweli uliomgharimu kazi, majirani na jina, na mimi sikumwambia asante hata siku moja alipokuwa anaweza kuisikia. Nikamwomba radhi meneja mbele ya watu. Akaitikia kwa kichwa tu. Mtu mmoja nyuma akakohoa, na sikujua ni kikohozi cha nini.

Nilipokwenda kumuaga mjane, nikaanza kurudia yale yale. Akanikatisha. "Keti unywe chai, mwanangu," akasema. "Yeye hayo aliyamaliza siku ile ile. Alirudi kutoka Babati akala vizuri sana. Wewe ndiye uliyekuwa bado."

Nikaketi nikanywa. Ilikuwa chai ya maziwa, ya moto. Mtu mwenye elimu kubwa kuliko yangu angewapa somo lenye sheria ndani yake, juu ya amri na wanaopaswa kuzitii. Mimi ninalo dogo, na nimelilipia kwa kuchelewa. Ukiitwa kushuhudia, dhidi ya adui yako au kwa ajili ya mwanao, sema ulichoona na ulichofanya, kisha nyamaza, hata kama paa lako mwenyewe linategemea neno moja zaidi. Paa langu lilirudishwa kwa siku saba. Lile neno moja zaidi nimelibeba miaka yote hii, na nimelitua juzi, Daudi, mbele ya kaburi la mtu aliyekataa kulisema.